Kabla ya Kumkubalia Mwenye Kamera

Mwaka 2012 nilipanda basi Göteborg, Uswidi, asubuhi, mwendo wa saa nne hivi, nikashuka Oslo, Norwei, kutafuta kazi. Nilikuwa na miaka 21 na pasipoti ya Uswidi. Sisi tulitoka Bukavu, Kongo, nikiwa mdogo. Kwetu Uswidi wakati huo, katika kila vijana watano waliokuwa kazini au wakitafuta kazi, zaidi ya mmoja hakuwa nayo. Norwei mshahara ulikuwa mkubwa, na tangu 1954 raia wa nchi hizi jirani hawaombani vibali vya kazi. Basi tulijaa huko, jikoni, hotelini, kwenye viwanda vya samaki.

Ndipo akaja mtu anayetengeneza filamu ya makala kuhusu vijana wa Uswidi waliohama. Tulikuwa sita katika vyumba viwili. Alikaa nasi siku tatu. Nilimweleza mengi, hasa habari ya kadi ya kodi, ile hati ya idara ya kodi inayomwonyesha mwajiri akukate kodi kiasi gani, maana usipoipata mapema mwajiri anakukata nusu ya mshahara. Niliona hilo ndilo litakalowasaidia wanaokuja.

Kwenye filamu nilitokea kama dakika mbili. Kadi ya kodi haikuwemo. Nilikuwemo mimi nimelala kwenye godoro chini, na sauti yangu ikisema kuna siku tunashindia mkate mkavu. Hilo nilimwambia mwenzangu jikoni, nimesahau maiki bado iko kwenye ukosi wa shati.

Mama aliitazama Göteborg pamoja na akina mama wa kanisani. Kila mwezi nilikuwa namtumia pesa, namwambia niko salama. Alinipigia usiku ule ule. "Mwanangu, mkate mkavu, na mimi unanitumia hela?" Kisha akanyamaza muda mrefu. Mtengeneza filamu hakusema uongo hata kidogo. Kosa langu ni kwamba Mama aliujua ukweli pamoja na watu baki.

Kwa hiyo mdogo wangu, ukiombwa kurekodiwa, piga simu nyumbani kwanza. Waambie unavyoishi, hata kama inauma, kabla mgeni hajawaonyesha. Ukimaliza kuhojiwa, vua maiki mwenyewe, mkabidhi mkononi. Uliza filamu itaonyeshwa wapi, na kama utaona sehemu yako kabla haijatoka.

Na waulize unaoishi nao. Mimi sikuwauliza. Mwenye nyumba alijua tuko wawili. Alipohesabu magodoro kwenye televisheni, tulipewa wiki mbili tuhame, wote sita, katikati ya baridi. Wenzangu wanne hawakuwa wamesema neno lolote mbele ya kamera.

Ile karatasi ya ridhaa nayo, omba ulale nayo usiku mmoja. Akisema lazima usaini leo, mwambie arudi kesho.