Ukiona grafiti kwenye kifuu cha nazi, tafuta mchanga kwanza

Kila mwaka miradi ya wanafunzi ikifika hatua ya eksirei, miale inayoonyesha kwa vilele vya mchoro jinsi kitu kilivyojipanga ndani, lazima atokee mmoja anakuja mbio na karatasi mkononi. Kachoma vifuu vya nazi kwa nyuzi 1000, saa mbili, ndani ya nitrojeni, na kwenye mchoro wake kuna kilele chembamba kimesimama kama mnazi uwanjani, digrii 26.6. "Grafiti!" Kichwa cha ripoti keshakiandika, bado shukrani tu.

Wadogo zetu, kaeni kwanza. Kifuu hakigeuki grafiti, yaani kaboni iliyojipanga tabaka kwa tabaka, kwa nyuzi 1000. Ni kaboni ngumu, na ugumu wenyewe ni huo: hata ukiipasha mpaka 3000 inakataa kujipanga. Haya yafuatayo ni kwa ajili yenu mnaojua tayari kuwasha tanuru la bomba na kusoma mchoro wa eksirei ya shaba, ila mnarudia makosa yaleyale tuliyoyakuta na sisi tukayarudia. Ili tusichanganyane, hapa joto ni nyuzi na pembe ni digrii.

1. Kabla ya kuwasha tanuru, jiulize: kitu hiki kinapitia umajimaji?

Kaboni hugeuka grafiti ikiwa imepata nafasi ya kujipanga, na nafasi hiyo hupatikana mapema, ingali laini. Lami ikipashwa kati ya nyuzi 400 na 500, molekuli zake bapa huanza kulaliana kama chapati kwenye sahani. Brooks na Taylor walieleza mwaka 1965 jinsi vitone vya duara vinavyozaliwa ndani ya lami, vikakua, vikaungana, kisha vikaganda. Mpangilio umeshapatikana hapo. Ukija kupandisha joto hadi 2500 au 3000, unanyoosha tu kilichokwisha pangwa.

Kifuu, mbao, sukari na resini ya fenoli haviyapitii hayo. Oksijeni iliyomo hufunga minyororo kwa minyororo mapema mno, na kila kipande hubaki kimejikunja palepale kilipo. Sukari huyeyuka, ndiyo, msitutege. Lakini hujifunga kabla haijapata muda wa kupanga chochote, tena kwa povu. Jaza kidau cha alumina robo tu, na uitangulize kwenye oveni ya nyuzi 180 usiku kucha, la sivyo utaikwangua kwenye ukuta wa bomba kwa wiki nzima.

Aliyezitenga kaboni hizi katika koo mbili, zinazografitika na zisizografitika, ni Rosalind Franklin, katika makala yake ya mwaka 1951, baada ya miaka ya kuchunguza makaa ya mawe Uingereza na kaboni Paris. Wengi wanamjua kwa DNA tu. Alilinganisha plastiki mbili zinazofanana kama ndugu, PVC na PVDC. PVC ikipashwa hupitia hali ya kulainika na mwisho huelekea grafiti. PVDC ina haidrojeni mbili na klorini mbili kwa kila kaboni mbili. Zote hutoka pamoja kama asidi ya haidrokloriki, ikabaki kaboni tupu isiyo na kitu cha kuilainisha. Ipandishe mpaka 3000, haitoki hapo.

Ukitaka kuamini kwamba siri ni kule kufungana kwa minyororo, chukua lami ileile inayografitika, isage, ipashe kwenye hewa ya kawaida kwa nyuzi 250 hadi 300 kwa saa kadhaa, kisha ndiyo uipeleke kwenye nitrojeni. Oksijeni itaifunga na utatoka na kaboni ngumu.

2. Dakika kumi hazifukuzi hewa.

Bomba lenye kipenyo cha ndani cha sentimita 5 na urefu wa mita 1 lina karibu lita 2. Ukipitisha gesi mililita 200 kwa dakika, dakika kumi ni ujazo mmoja tu, na kwa kuwa gesi huchanganyika badala ya kusukumana kwa mstari, zaidi ya theluthi ya hewa bado imo humo. Ujazo tano, yaani dakika 50, hewa inashuka chini ya asilimia 1. Sisi tunasema ujazo kumi. Ni kama saa moja na dakika arobaini. Kunyweni chai, na maandazi mkipenda.

Asiyesubiri huonekana: juu ya sampuli kuna ukungu mweupe wa majivu, uzito uliobaki ni mdogo kuliko wa wenzake, na eneo la uso limepanda. Halafu hilo eneo analisherehekea. Limepanda kwa sababu oksijeni imeitoboa kaboni, bwana.

Pandisha nyuzi 2 kwa dakika hadi 600, kisha 5. Lami ya kifuu hutoka kwa wingi kati ya 250 na 500, na ikitoka kwa fujo huziba mdomo wa kutolea gesi. Weka chupa tupu kati ya bomba na chupa ya mafuta inayopitisha gesi inayotoka, kwa sababu tanuru likipoa na gesi imekatika, mafuta yote yatanyonywa ndani. Usifungue juu ya nyuzi 100.

3. Mchanga.

Hapa tunaungama kwa niaba ya fani nzima, maana kosa hili halina mwenyewe.

Vifuu huokotwa pale vilipotupwa, na huku pwani pale panakuwa na mchanga. Nyuzinyuzi za kumbi zilizobaki juu ya kifuu zinaushika mchanga kama brashi. Vikichanganyika na makumbi yaliyofukiwa ufukweni kwa ajili ya kamba, ndiyo kabisa. Halafu mtu anavichukua anavivunja kwa nyundo juu ya sakafu ya saruji, yaani juu ya mchanga mwingine. Anasuuza maji mara moja, yanatoka ya kahawia, anaridhika.

Sasa pigeni hesabu. Kifuu kikichomwa kwa nyuzi 1000 hubaki karibu robo ya uzito wake. Mchanga haupotezi kitu. Nusu ya asilimia ya mchanga uliyoingia nayo inatoka ikiwa asilimia 2. Na mchanga ni kwatzi, fuwele safi, inayorudisha eksirei kwa kilele kikali kama sindano, wakati kaboni ngumu inatoa kilima kipana kilicholala. Asilimia 2 ya sindano inaonekana juu ya asilimia 98 ya kilima bila taabu.

Balaa lenyewe ni kwamba kilele kikuu cha kwatzi kipo digrii 26.6, na cha grafiti digrii 26.5. Mtu anasema, basi nitatofautisha kwa hiyo sehemu ya kumi. Huwezi. Kwenye mashine yenye nusu kipenyo cha sentimita 20, sampuli ikikaa juu au chini ya usawa wake kwa milimita 0.2 tu, kilele chote kinahama karibu digrii 0.1. Unga ulioshindiliwa kwa kidole gumba unavuka milimita hizo bila kukuaga.

Basi mambo yanakwenda hivi. Programu ya kompyuta inaulizwa, "Je, kuna grafiti?" Ukiiuliza hivyo, nayo inakujibu ndiyo, kwa sababu hukuiuliza kuhusu kwatzi. Upana wa kilele unaingizwa kwenye kanuni ya Scherrer, ile ya kukadiria ukubwa wa fuwele, zinatoka fuwele za makumi ya nanomita. Nzuri ajabu! Linaandikwa bango. Linatafutwa pia neno la kuelezea "ugrafitikaji wa joto la chini", pengine kwa kuusingizia potasiamu wa kifuu. Miezi inapita. Siku ya kuwasilisha, mtu aliyekaa nyuma, ambaye mpaka hapo ulidhani amesinzia, ananyanyua mkono: "Samahani, hiki kidogo cha kwenye 20.9 ni nini?"

Hapo ukumbi unanyamaza. Grafiti haina kitu kwenye digrii 20.9. Kwatzi inacho, na siku zote ni kidogo, na siku zote kilikuwepo kwenye mchoro. Tulikuwa tumekikata, kwa sababu mhimili ulianzia 22 ili kilele chetu kionekane vizuri. Hiyo ndiyo sehemu inayouma. Hatukudanganywa na mashine. Tulipunguza mchoro kwa mkono wetu wenyewe.

Kwa hiyo anza kupima digrii 10, maliza 80. Tazama 20.9, 50.1 na 60: vikiwapo pamoja na 26.6, ni mchanga. Tazama na 54.7, ambako grafiti ya kweli iliyopangika huacha alama yake ya pili. Ukibaki na shaka, chukua gramu moja, iweke kwenye kikombe wazi cha alumina, iache hewani kwa nyuzi 800 saa nne, kisha upime majivu yaliyobaki. Grafiti na kaboni vimeungua vimekwenda zao. Kilele kikiwa bado kipo kwenye majivu, umepata jibu kwa gharama ya gramu moja na umeme wa alasiri.

Kuzuia ni rahisi kuliko kutibu. Sugua kifuu kizima kwa brashi ngumu mpaka nyuzinyuzi zitoke, suuza juu ya chekecheke, vunjia ndani ya mfuko safi. Asidi ya haidrokloriki ya mola 1 itaondoa potasiamu, kalsiamu na chuma kingi, lakini kwatzi itaitazama tu. Ya kuiyeyusha ni asidi ya haidrofloriki, nayo si kazi ya anayeanza, wala ya mtu aliye peke yake maabara.

Wa pumba za mpunga msicheke. Silika yenu, ndugu wa kwatzi, imo ndani ya mmea, haisuguliki. Mwanzoni haijawa fuwele, na hapo soda kali ya moto huiyeyusha. Ukiichelewesha kwenye joto kubwa inakuwa kristobaliti, fuwele nyingine ya silika, inakaa digrii 22, begani mwa kilima cha kaboni ngumu, na huko nako mnaandika maajabu. Juu zaidi, kama nyuzi 1500, inaila kaboni yenyewe na kutoa silikoni kabaidi, digrii 35.6.

Na kinu cha agati, kile cha bei ghali mnachokionea fahari? Agati ni kwatzi.

4. Safari hii ni grafiti kweli, lakini kaileta chuma.

Umechoma gramu yako, majivu hayana kilele. Hongera, ilikuwa grafiti. Sasa niambie ulisagia wapi. Kinu cha gololi za chuma kinaacha vumbi la chuma kwenye unga, na chuma, nikeli na kobalti huyeyusha kaboni iliyovurugika na kuitema upande wa pili ikiwa imepangika, kwa joto la nyuzi 1000 au hata chini yake. Kaboni ngumu haikubadili tabia; imebebwa. Pitisha sumaku chini ya karatasi yenye unga. Saga kwa gololi za zirkonia, au saga baada ya kuchoma. Anayetaka grafiti ya namna hiyo kwa makusudi aloweke unga kwenye naitreti ya chuma na aandike hivyo waziwazi. Ni kazi halali, ila si hii.

5. Kilima chako halali kikoje.

Kwa nyuzi 1000 hadi 1300, kilima kikuu kiwe karibu digrii 23 hadi 24, kipana, maana yake tabaka zimeachana nanomita 0.37 hadi 0.39. Za grafiti ni 0.335. Kaboni ni nyepesi kwa eksirei, miale huzama ndani yake, ikakipeleka kilele pembe ya chini na kuonyesha kibao cha kuwekea sampuli kilichoko chini ya unga. Kibao kikiwa cha kioo, kioo nacho kina kilima chake mitaa ileile. Kuna watu wamepima kibao mwezi mzima. Tumia kibao cha silikoni kisicho na mandharinyuma, na uchanganye unga kidogo wa silikoni kama kipimo. Kilele chake kipo 28.4 na hakibembelezwi.

6. Uwiano wa D na G si kipimajoto cha vurugu.

Kwenye kipimo cha Raman, kile cha mwanga wa leza, kaboni hutoa vilele viwili: D, cha vurugu, na G. Kanuni ya Tuinstra na Koenig ya 1970 inasema uwiano wa D kwa G hupungua kadiri fuwele zinavyokua. Sawa, kwa fuwele zilizozidi nanomita 2 hivi. Chini ya hapo, Ferrari na Robertson walionyesha mwaka 2000 kwamba mambo yanageuka: mpangilio ukiongezeka, na uwiano unaongezeka. Kaboni zenu mara nyingi zipo mpakani hapo. Mkiona uwiano umepanda kutoka 800 hadi 1200, msiandike "vurugu imeongezeka". Tazameni upana wa kilele cha G kwanza. Andikeni rangi ya leza, maana uwiano hubadilika nayo, na punguzeni nguvu yake: unga mweusi huungua chini ya lenzi huku mnautazama.

7. BET ndogo, yaani eneo la uso lililopimwa kwa nitrojeni, haimaanishi hakuna vitundu.

Ukipandisha joto kuelekea 1400, milango ya vitundu hufunga, nitrojeni ya 77 K (kelvini) inabaki nje, eneo linaanguka. Vitundu bado vimo. Pima pia kwa kaboni dioksidi, 273 K. Kwa betri za sodiamu hivyo vilivyofungwa ndivyo unavyovitaka: mwaka 2000 Stevens na Dahn walipata karibu mAh 300 (kipimo cha chaji) kwa gramu kutoka kwenye kaboni ya glukosi, wakati grafiti, inayobeba lithiamu mpaka 372, sodiamu haiipokei kwa kiasi cha maana. Kwa hiyo yule aliyekuja mbio na grafiti yake ya nyuzi 1000, hata kama ingekuwa kweli, angekuwa ameiharibu anodi, upande hasi wa betri.

Kausha elektrodi kwa nyuzi 120 kwenye ombwe usiku kucha, tumia karatasi ya alumini, ya shaba haihitajiki. Na yale majivu ya gramu moja usiyatupe: tia kwenye kichupa, andika tarehe ya kuchoma na mahali vifuu vilipookotwa. Kundi la mwakani litaokota palepale.