Duka la Leo Litageuzwaje Kuwa la Mwaka 1986?

SWALI: Tunatayarisha filamu fupi ya duka la rejareja, hadithi ikiwa ya mwaka 1986. Tumepata duka Kondele, na mwenyewe ametukubalia Jumapili moja tu. Pesa ni chache. Ninunue vitu gani vya kale kwanza? – Msomaji, Kisumu

JIBU: Dada, usinunue kitu bado. Simama pale kamera itakaposimama, piga picha kwa simu, kisha utazame kitakachowasaliti. Ukuta wa kijani wa M-Pesa ndio wa kwanza, maana huduma hiyo ilianza 2007. Kuna pia mita ya tokeni, balbu za LED na kadi za simu. Kinachong'oka, ng'oa. Kisichong'oka, kizibe kwa magunia, au mwombe mwongozaji asogeze kamera hatua mbili; hazigharimu kitu.

Cha kutafuta kwa bidii ni picha ya Rais Moi. Duka lisilo nayo enzi zile lingezua maswali. Mteja naye asitoe noti ya 1000, kwani ilitoka 1994. Gari likipita mlangoni, namba yake isiishie kwa herufi. Na mkienda ziwani, tafuteni ufuo usio na gugumaji, kwa sababu upande wetu lilienea miaka ya 1990. Wazee wa Dunga watawacheka mkikosea hilo.

Kaunta na rafu, fundi wa Kibuye atawaundia. Shida ni kwamba mbao mpya hupiga kelele mbele ya kamera. Zipake rangi, zikauke kabisa, kisha pitisha msasa pale tu mikono inapogusa: ukingo wa kaunta, uso wa droo, na mahali muuzaji anapohesabia chenji. Wengi huchubua kila mahali sawasawa, na kaunta ikaonekana imeugua badala ya kuzeeka. Mbao zikishafunuka, pitisha chai ya rangi iliyokolea, iache ikauke, kisha sugua unga wa makaa kwenye pembe na ufute kwa kitambaa kikavu. Jaribu kwanza kwenye kipande cha ubao, ukitazame kupitia kamera mtakayotumia.

Ukuta wa mwenye duka msiupake. Pakeni plaiwudi siku chache mapema, mfike nayo imekauka, muiegemeze na kuifunga kwa nyuma. Kabla ya kugusa chochote, pigeni picha kila rafu ilivyopangwa; Jumatatu alfajiri wateja wake watataka mkate na maziwa.