Sally Wainwright katokea wapi? Jibu kwa aliyeuliza kama lazima usomee filamu

Mkuu umeuliza kama ni lazima upite chuo cha filamu na uhamie London ndo uwe mwandishi wa skripti Uingereza, na huyu Sally Wainwright aliyeandika Happy Valley, ile tamthilia ya polisi ya BBC, yeye alipitia wapi. Mi naishi Halifax, mji wa Yorkshire kaskazini mwa Uingereza, hukohuko anakokuandika, na kabla sijaja huku niliandika tamthilia Dar, kwa hiyo huyu mama namfuatilia kama fundi anavyoangalia kazi ya fundi mwenzie.

Kazaliwa Huddersfield 1963, kakulia Sowerby Bridge hapa jirani, chuo kasoma Kiingereza pale York. London alienda kweli, akawa dereva wa basi huku anaandika. Kilichomtoa ni redio, alipata kuandika The Archers, ule mchezo wa BBC wa maisha ya wakulima, baadae miaka ya 90 akaingia Coronation Street, tamthilia ndefu ya TV. Sasa pale ndo shule yenyewe. Ile tamthilia ipo hewani toka 1960, waandishi wanakaa pamoja wanabishana stori iende wapi, kisha kila mtu anaondoka na episodi yake, unaandika wahusika ambao hukuwaumba wewe na mtazamaji anawajua kukuzidi.

Dar nilipitia humohumo. Unaambiwa muigizaji kasafiri, nyumba ya tajiri imekosekana, sini zote zihamie jikoni na kesho asubuhi wanashuti, utafanyaje, unaandika. Ndo nikajua watu wawili wanaochambua mchele wanaweza kubeba episodi nzima ikiwa kuna kitu hawaambiani. Ukiangalia Happy Valley utaona Catherine, yule polisi mhusika mkuu, na mdogo wake Clare wamekaa nyuma ya nyumba na vikombe vya chai, hakuna bunduki wala nini, na roho inakudunda.

Kilichobadilisha mambo ni Kay Mellor, naye mwandishi wa Yorkshire, kumwambia atoke Coronation Street aandike vya kwake. Akatoka, 2000 ikaja At Home with the Braithwaites, mama kashinda bahati nasibu pauni milioni 38 na familia haijui. Halafu Last Tango in Halifax, 2012, hiyo kaitoa kwa mama yake mzazi kabisa, aliyefiwa na mume akaja kuolewa uzeeni na mtu waliyefahamiana utotoni. Ikabeba BAFTA, tuzo kubwa ya filamu na TV Uingereza. Happy Valley 2014, sizoni ya pili 2016, ya tatu watu wakasubiri mpaka 2023 kwa sababu alitaka yule dogo Ryan, mjukuu wa Catherine, akue kweli. Nani huku kwetu angekubali kusubiri miaka saba wakati sponsa anapiga simu kila wiki!

Na usidhani milango ilifunguka yote. Stori ya Anne Lister, mwanamke mwenye ardhi wa karne ya 19 aliyeishi Shibden Hall hapa Halifax (nyumba ipo, ukija nakupeleka), aliipeleka mwanzoni mwa miaka ya 2000 wakaikataa, imekuja kutoka 2019 kama Gentleman Jack.

Kwa hiyo kazi usiache kwanza, tafuta tamthilia ndefu au mchezo wa redio wakupe episodi hata za malipo ya vocha. Na skripti za Happy Valley BBC wameziweka bure mtandaoni, anza na episodi ya 4 ya sizoni ya kwanza, ile aliyoiongoza mwenyewe. Isome kabla hujaiangalia.