Nikiishia kufundisha, vyungu vyangu je?

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Nina miaka 26, natoka Kakamega. Nimepata nafasi ya kusomea ufinyanzi Uingereza. Nyanya yangu, ambaye amefinyanga vyungu maisha yake yote, amefurahi sana. Mjomba ndiye hataki. Anasema mfinyanzi hulia gaeni, na kwamba huko ugenini nitaishia kufundisha watoto wa watu huku kazi yangu mwenyewe ikifa. Je, ni kweli?
Msomaji, Kakamega

JIBU: Marahaba mwanangu. Mjomba ana haki ya kukuhofia njaa. Lakini hilo la ualimu kuua kazi ya mikono silikubali, na shahidi wangu ni Magdalene Odundo, mfinyanzi mzaliwa wa Kenya anayefanya kazi Uingereza.

Alizaliwa Nairobi mwaka 1950. Alipokwenda Cambridge mwaka 1971, udongo haukuwamo katika safari yake. Alifuata usanifu wa michoro. Udongo alikutana nao hukohuko. Kisha, na hapa ndipo ninapopapenda, ilimbidi arudi Afrika ili aujue. Mwaka 1974 alikwenda Abuja, Nigeria (si mji mkuu wa leo, bali mji ambao sasa unaitwa Suleja), kwenye kituo cha ufinyanzi kilichoanzishwa na Mwingereza Michael Cardew, akajifunza kwa akina mama wa Kigwari, jamii ya huko, mfinyanzi mashuhuri Ladi Kwali akiwa mmoja wao, namna ya kuinua chungu kwa mikono mitupu bila gurudumu.

Aliporudi Uingereza alifundisha London, kabla hata hajapata shahada yake ya uzamili ya Royal College of Art, chuo cha sanaa cha huko, mwaka 1982. Baadaye alifundisha katika chuo cha sanaa cha mji wa Farnham, akawa profesa mwaka 2001, na mwaka 2018 akawa chansela wa chuo hichohicho. Miaka yote hiyo alifinyanga. Chungu chake hakipakwi glezi, ule utandu unaong'aa kama kioo. Hukisugua, akakipaka udongo mwepesi uliochanganywa na maji, akakisugua tena mpaka kikang'aa. Moto wenye hewa ya kutosha hukitoa chekundu kama embe bivu. Akikirudisha tanurini na kukinyima hewa, hutoka cheusi. Kwa kazi ya namna hiyo huwezi kutoa vyungu vingi kwa mwaka, uwe mwalimu au usiwe.

Niliwahi kusimama mbele ya kimoja. Shingo imeinama kidogo, tumbo limejaa, na mgongoni vinundu vidogo kama uti wa mama mjamzito. Nilitamani kukigusa nikazuia mkono.

Sasa langu. Nilifundisha sanaa miaka 31 hapa Mombasa, na miaka tisa ya kwanza sikufinyanga hata kikombe. Nililaumu madaftari ya kusahihisha. Siku moja mwanafunzi wa kidato cha pili alitazama rafu, vyungu vyao vimepangwa vikikauka, akaniuliza, "Mwalimu, chako kiko wapi?" Sikuwa na jibu. Jioni ile nilibaki darasani mpaka giza likaingia. Chungu nilichofinyanga kilipasuka motoni, lakini tangu hapo rafu ile haikukosa changu. Na nilifundisha vizuri zaidi, kwa sababu niliweza kuwaambia kosa nililolifanya jana, si lile la kitabuni.

Kwa hiyo nenda, na wakikupa darasa la kufundisha, lipokee. Kabla ya kukubali, uliza jambo moja: je, mwalimu anaruhusiwa kutumia tanuri jioni? Wakikataa, tafuta karakana ya kukodi saa mbili tatu kwa wiki, hata kama itakubidi upunguze nauli.

Lakini kuna jambo la kufanya kabla ya ndege. Odundo alisafiri mpaka Abuja kumtafuta mwalimu ambaye wewe unaye jikoni kwenu. Kaa na nyanya mwezi mzima. Muulize udongo wake anauchimba wapi, anauchanganya na nini, na anatambuaje chungu kilichoiva akikigonga kwa kidole. Andika kila kitu, kwa maneno yake mwenyewe, kwa lugha yake.