Kamera haikukingi, mwanangu

Mwanangu mpendwa,

Umeniuliza kwa nini wapigapicha wa vita huuawa ilhali hawana silaha, na kama nitakuzuia usiende kurekodi ile filamu ya vitani.

Nianze na linaloniuma. Kwa mbali, aliyebeba kamera begani hufanana na aliyebeba kirusha roketi. Agosti 2003, Mazen Dana wa Reuters aliuawa hivyo nje ya gereza la Abu Ghraib, Iraq. Askari wa Marekani aliyekuwa kwenye kifaru aliidhania kamera yake silaha. Aprili mwaka huohuo, kombora la kifaru lilipiga Hoteli ya Palestine, Baghdad, walimokuwa wanahabari wengi. Waliokufa, Taras Protsyuk na José Couso, wote walikuwa wapigapicha. Mwandishi anaweza kulala nyuma ya ukuta akasikiliza. Wewe hupati picha bila kuinua kichwa.

Kisha kuna jicho lako. Ukilitia kwenye kamera, linaona kipande kidogo tu cha dunia, na kipande hicho huanza kuonekana kama sinema. Juni 1973 huko Santiago, Chile, mpigapicha Leonardo Henrichsen aliendelea kumrekodi askari aliyekuwa akimpiga risasi yeye mwenyewe. Watu husifu ujasiri wake, nami nausifu. Lakini kila nikiutazama mkanda ule naliona pia jicho lililosahau kwamba lina mwili. Kamera za Eyemo za Vita vya Pili vya Dunia zilikula ukanda wa dakika moja hivi, kisha ilibidi ujifiche uubadilishe. Za leo hazikupi sababu ya kuzishusha.

Na damu, mwanangu. Mpigapicha Tim Hetherington alipigwa na vipande vya kombora Misrata, Libya, mwaka 2011, akavuja damu hadi kufa njiani kuelekea hospitali. Rafiki yake Sebastian Junger alianzisha baadaye mafunzo ya huduma ya kwanza kwa wanahabari wa kujitegemea. Jifunze kufunga mkanda wa kuzuia damu kwa mkono mmoja, gizani.

Sitakuzuia. Bila watu hawa, wenye mizinga wangetusimulia wenyewe walichokifanya. Ila usitie saini kabla hawajakuonyesha bima, na kabla hujajua ni nani atakayesimama nyuma yako, akikushika mkanda wa kiunoni na kutazama usikokuona. Niandikie jina lake. Nataka kuzungumza naye kabla hamjasafiri.

Baba yako