Maswali ya wasomaji: mtangazaji wa mpira Ujerumani anaanzia wapi?

SWALI: Hivi wale wanaotangaza mpira kwenye tivii za Ujerumani wanafikaje pale, lazima uwe umecheza? Na mbona leo mtu yuko stesheni hii, kesho unamsikia kwingine?

JIBU: Hapana ndugu yangu, waliocheza wanakaa pembeni kama wachambuzi, anayeshika maiki kwa kawaida ni mwandishi wa habari aliyesota. Wengi wanasoma chuo, wanapita Volontariat, yaani mafunzo ya kazini, mara nyingi kama miaka 2 hivi, na humo ni kukata klipu, kuandika skripti, kutumwa huku na kule, maiki inakuja baadaye sana.

Hilo la kuhamahama chanzo chake ni haki za matangazo. Bundesliga, ligi kuu ya kule, ilikuwa stesheni ya RTL, 1992 stesheni ya Sat.1 wakainyakua, 2003 ikaenda stesheni ya ARD kwenye kipindi chao cha michezo, Sportschau. Sasa haki zikiondoka wewe unabaki kutangaza nini? Unaufuata mpira ulikoenda. Mcheki mtangazaji Marcel Reif, katoka ZDF, stesheni nyingine ya kule, akaingia RTL 1994, huko ndo kulikuwa na Champions League, halafu 1999 akaenda Premiere, ile ya kulipia ambayo siku hizi ni Sky. Na jina lake lilipaa kwa mechi ambayo ilikuwa haijaanza! Ni 1 Aprili 1998, Real Madrid na Dortmund, goli lenyewe, nguzo na nyavu, likaanguka chini, ikabidi yeye na Günther Jauch, mwendesha kipindi mwenzake, wajaze zaidi ya saa nzima kwa stori na utani tu, na watu walioangalia ule upuuzi walikuwa wengi kuliko walioangalia mechi. Mimi nasema ukitaka kumjua mtangazaji mnyime mpira.

Kwa wanawake njia imekuwa ngumu zaidi. Carmen Thomas aliendesha Sportstudio, kipindi cha michezo cha ZDF, 1973, ulimi ukateleza akaiita klabu ya Schalke 04 kuwa Schalke 05, basi mpaka leo anatajwa kwa hilo, wakati wanaume wanateleza kila wiki na hakuna anayehesabu. Claudia Neumann, yuko ZDF tangu 1999, alitangaza Wales na Slovakia Euro 2016, mwanamke wa kwanza kutangaza laivu mechi ya Euro ya wanaume kwenye tivii ya kule, mitandaoni akatukanwa vibaya mno. ZDF hawakumtoa, Kombe la Dunia 2018 akapangwa tena.