Chuo kikuu kimetupandishia ada kwa waraka: tulipe au twende mahakamani?

SWALI: Wakili, habari za kazi. Sisi ni chuo binafsi hapa Moshi, tunafundisha shahada chini ya chuo kikuu cha umma. Mkataba unasema tulipe shilingi 50,000 kwa kila mwanafunzi kwa mwaka, kwa ajili ya usajili na usimamizi wa mitihani. Sasa tumeletewa waraka: ada ni 120,000, na tulipe nyongeza ya miaka miwili iliyopita pia. Tuna wanafunzi 340. Tusipolipa, matokeo hayatolewi. Tugome? Tushtaki?

JIBU: Msigome. Vyuo vingi huanguka hapa, kwa kuzuia fedha zote, hata zile ambazo mkataba wenyewe unazidai. Mkifanya hivyo, ninyi ndio mnakuwa wavunja mkataba, na chuo kikuu kinapata sababu halali ya kuwabana. Lipeni 50,000 kwa wanafunzi wote 340, yaani milioni 17 za mwaka huu, ndani ya muda. Kinachobishaniwa ni zile 70,000 za juu: milioni 23.8 kwa mwaka, milioni 47.6 kwa miaka miwili ya nyuma. Tenganisheni hesabu hizo mbili katika kila barua mtakayoandika.

Mara nyingi namba ya malipo hutolewa kwa jumla yote, na benki haipokei pungufu. Ombeni kwa barua namba nyingine ya milioni 17. Wakikataa, nakala yenye muhuri wa mapokezi ni ushahidi kwamba mlikuwa tayari kulipa. Mkilazimika kulipa zote ili matokeo yatoke, andikeni kabla ya kulipa, si baada, kwamba mnalipa chini ya pingamizi na mtadai kurudishiwa. Kifungu cha 72 cha Sheria ya Mikataba (Sura ya 345) kinamtaka aliyepokea fedha kwa makosa au kwa shuruti azirudishe. Mkilipa kimya, mtaambiwa mliikubali ada mpya.

Sasa fungueni mkataba, mtafute kipengele cha marekebisho. Kikisema mabadiliko yatafanywa kwa maandishi na kusainiwa na pande zote, waraka wa upande mmoja hauwafungi. Kikisema mtalipa ada “zitakazopangwa na Baraza la chuo kikuu mara kwa mara”, nyongeza ya kuanzia sasa itakuwa ngumu kuipinga. Hata hapo ombeni dondoo ya muhtasari wa kikao kilichoipitisha, maana ada iliyopandishwa na ofisi ya fedha peke yake siyo iliyopangwa na Baraza.

Madai ya kurudi nyuma ndiyo dhaifu kuliko yote, na hapo ndipo mweke nguvu. Ruhusa ya kupanga bei si ruhusa ya kubadili bei ya huduma iliyokwisha kutolewa, ikalipwa na kukatiwa stakabadhi. Kusanyeni ankara na stakabadhi za miaka hiyo miwili. Ndizo kesi yenyewe.

Wengi hukimbilia Ibara ya 138 ya Katiba, inayokataza kutoza kodi bila sheria ya Bunge. Kwenu sioni kama itafika mbali: ada mliyokubaliana kwa mkataba, na inayolipia huduma, si kodi. Hoja hiyo hupata uzito pale tozo inapokuja bila mkataba na bila huduma yoyote nyuma yake.

Kabla ya kushtaki, angalieni kama mkataba una kipengele cha usuluhishi. Kama kipo, chuo kikuu kinaweza kuiomba mahakama isimamishe shauri hadi muende kwa msuluhishi, na mtakuwa mmepoteza miezi. Kama hakipo, kumbukeni kwamba chuo kikuu cha umma hakishtakiwi kama kampuni. Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali (Sura ya 5), baada ya marekebisho ya 2020, inataka notisi ya siku 90 inayoeleza msingi wa madai, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, naye aunganishwe kama mdaiwa. Shauri hufunguliwa Mahakama Kuu, hata madai yakiwa madogo. Mkilipeleka kwa Hakimu Mkazi litaondolewa kwa pingamizi la awali bila hoja zenu kusikilizwa. (Chuo kikuu kingekuwa binafsi, notisi hiyo isingehitajika, na milioni 47.6 zingesikilizwa mahakama ya chini.)

Matokeo hayasubiri siku 90. Mahakama Kuu imekuwa ikipokea maombi ya zuio la muda, yaani amri ya kukizuia chuo kikuu kisishikilie matokeo, wakati notisi inakwenda. Mawakili huyaita Mareva. Mtapimwa kwa vigezo vya kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya 1969: kuna hoja nzito ya kusikilizwa, kuna madhara ambayo fedha haziwezi kuyafidia, na nani ataumia zaidi zuio likitolewa au likikataliwa. Hasara ya chuo chenu hufidika kwa fedha. Mwanafunzi anayekosa ajira au nafasi ya masomo kwa kukosa matokeo hafidiki kirahisi, kwa hiyo ambatanisheni viapo vya wanafunzi wenyewe vyenye tarehe za nafasi wanazozikosa. Wakati huohuo iandikieni Tume ya Vyuo Vikuu Tanzania (TCU), kwa sababu wanafunzi wamelipa na hawahusiki na ugomvi huu.

Mambo mawili huharibu kesi nzuri. Kwanza jina: chuo mara nyingi si mtu kisheria, kwa hiyo anayeshtaki ni kampuni au wadhamini waliosajiliwa wanaokimiliki, tena kwa azimio la bodi lililoandikwa kabla ya kufungua shauri. Pili, mkataba usiolipiwa ushuru wa stempu haupokelewi kama kielelezo hadi ulipiwe pamoja na adhabu. Ulipieni mapema.

Muda wa kudai kwa mkataba ni miaka 6. Lakini mkitaka kuupinga waraka wenyewe kwa njia ya mapitio ya mahakama, kwa mfano kwa kuwa Baraza halikuupitisha, kibali huombwa ndani ya miezi 6 tangu uamuzi utolewe. Tafuteni tarehe ya waraka leo, na muanze kuhesabu kutoka hapo, si kutoka siku ulipowafikia.